Bibi Margaret Trowell na Vikapu vya Kwetu

Katika kurasa hizi za Kiswahili tumezoea kusoma habari za wafalme, wahubiri na majemadari wa zamani. Mwaka huu nimeomba ruhusa nilete habari za mwanamke ambaye hakushika mkuki wala hakuketi katika kiti cha enzi. Yeye alishika kalamu ya risasi akachora vitu ambavyo sisi huvipita kila siku bila kuvitazama: vikapu, mikeka, vyungu, vibuyu na nguo za magome ya miti. Jina lake ni Bibi Margaret Trowell. Alifariki mwaka 1985, yaani miaka mingi kabla mimi sijazaliwa.

Kwanza nitaeleza jinsi nilivyokutana na jina lake, maana sikumtafuta. Ni kikapu kilichonipeleka kwake.

Mimi ni mtoto wa Katwe, mji wa ziwa la chumvi katika wilaya ya Kasese. Nyanya yangu anakaa Bwera, karibu na mpaka wa Kongo. Alizaliwa upande wa Toro akaolewa kwa Wakonzo, akaja na kazi yake ya mikono kutoka kwao, nayo ni kusuka vikapu vya ulezi. Kikapu cha namna hiyo Watoro hukiita endiiro. Ni cha duara, chenye mfuniko, na ndani yake hutiwa ugali wa ulezi ili ubaki na joto mpaka wageni wote waishe kunawa mikono. Nilipokuwa nikienda Kidato cha Kwanza nyanya alinipa kimoja kipya, kimejaa karanga na samaki wakavu, akaniambia nisikipoteze.

Nasikitika kusema kwamba sikukitunza. Siku ya kwanza bwenini wenzangu walikuwa na masanduku ya bati na makopo ya plastiki yenye rangi za kung'aa. Mmoja alicheka kikapu changu, wengine wakafuata, na mimi nikacheka pamoja nao ili nisionekane mshamba. Usiku nilikisukuma chini ya kitanda. Panya walikula karanga, wakaitoboa pembe ya kikapu, na muhula ulipokwisha nikakitupa katika shimo la takataka. Nyumbani nilisema kimeibiwa. Nyanya hakuuliza neno la pili.

Miaka ikapita. Mwaka jana, nikiwa Kidato cha Tano, nilitumwa na mwalimu kupanga vitabu vya zamani katika maktaba. Katikati ya vumbi nikaona kitabu kikubwa, jalada lake limelegea, kilichotolewa mwaka 1953, kinachohusu kazi za mikono za makabila ya Uganda. Nikakifungua bila kusudi lo lote. Nikaona picha za vikapu zilizochorwa kwa mstari mwembamba wa wino: umbo lake, mfuniko wake, mshono wake jinsi unavyozunguka. Mikono yangu ilipoa. Kilikuwa kama kile nilichokitupa. Mtu alikuwa ameketi akakichora kwa uangalifu ule ambao wengine huchora ramani za nchi au mifupa ya mwili. Nikatafuta jina la mtu huyo, na tangu siku ile nikaanza kukusanya habari zake.

Basi hizi ndizo habari za maisha yake.

Margaret Trowell alizaliwa Uingereza mwaka 1904, na jina la ukoo wake kabla ya kuolewa lilikuwa Sifton. Alijifunza uchoraji London katika shule ya sanaa iitwayo Slade, iliyokuwa na sifa kubwa. Baadaye alijifunza kazi ya ualimu, na hapo akakutana na mwalimu mmoja aliyebadili mawazo yake yote. Mwalimu huyo ni Marion Richardson. Zamani hizo watoto wa Uingereza walifundishwa kuchora kwa kunakili: waliwekewa chupa au sanamu ya chokaa mbele yao, nao wakaifuatisha mpaka ifanane. Marion Richardson aliona kwamba mtoto aliyefundishwa hivyo hupata ustadi wa mkono lakini macho ya moyo wake hufumbika. Yeye aliwaambia watoto wafumbe macho, akawasimulia habari ya mahali fulani, kwa mfano soko wakati wa jioni, taa zinawaka na mvua inanyesha. Wakisha kuiona picha ndani ya nafsi zao, ndipo walipofumbua macho wakashika rangi. Njia hiyo Bibi Trowell aliichukua, akaja nayo Afrika.

Aliolewa na daktari, Hugh Trowell, na mwaka 1929 wakaja Kenya. Mwaka 1935 walihamia Uganda, daktari akafanya kazi katika hospitali ya Mulago, Kampala. Huyu mume wake naye ni mtu wa kukumbukwa. Ni mmoja wa wale waliochunguza ugonjwa wa kwashakoo, unaowapata watoto wasiolishwa vema, na katika uzee wake aliandika kwamba watu wa Ulaya wanaugua maradhi mengi kwa sababu wameondoa makapi na nyuzi katika chakula chao. Mimi huwaza kwamba nyumba ile ilikuwa nyumba ya nyuzi: mume alitazama nyuzi zilizomo ndani ya chakula, na mke alitazama nyuzi zilizofanya kikapu cha kukitilia chakula hicho.

Walipofika Uganda, sanaa haikuwa somo la kuheshimiwa katika shule zetu. Wazungu wengi waliamini kwamba Mwafrika hana sanaa, na kama anayo, basi ni mambo ya kishenzi yanayofaa kuachwa. Hata jumba la ukumbusho la Uganda, lililoanzishwa mwaka 1908 katika ngome ya Lugard huko Old Kampala, watu waliliita Enyumba ya Mayembe, maana yake nyumba ya hirizi za waganga, wakaliogopa. Kwa upande mwingine, vijana wa Kiafrika waliosoma walitaka mambo mapya. Walitaka meza, sahani na vikombe, na kikapu cha ulezi waliwaachia wazee. Hivyo kazi za mikono zilikuwa na adui wawili: aliyezidharau kutoka nje, na aliyezionea haya kutoka ndani. Huyu wa pili ninamjua vizuri, kwa kuwa nilikuwa yeye.

Mwaka 1937 Bibi Trowell alianza kuwafundisha watu wachache uchoraji katika baraza ya nyumba yake. Hakuwa na jengo wala mshahara kwa kazi hiyo. Makerere ya wakati ule, iliyoanzishwa mwaka 1922 kama shule ya ufundi, ilifundisha udaktari, ualimu, kilimo na kazi nyinginezo, lakini sanaa haikuwamo. Mwaka huo huo wa 1937 alitoa kitabu kwa ajili ya walimu, akieleza jinsi kazi za mikono za Kiafrika zinavyoweza kukuzwa shuleni. Mawazo yake kwa ufupi yalikuwa haya. Sanaa ya Afrika haikutengwa na maisha kama picha inayotundikwa ukutani katika nyumba ya tajiri. Imo katika kinu, katika ngoma, katika kikapu. Mtu aliyefanya kitu kizuri alikifanya kwa ajili ya jirani zake, wakakitumia. Aliona kwamba hata Ulaya ya zamani ilikuwa hivyo, wakati mafundi walipojenga na kuyapamba makanisa kwa ajili ya watu wote. Basi mwalimu akija na picha za Ulaya na kusema wanafunzi wazinakili, atakuwa ameng'oa mti wenye mizizi ili apande tawi lililokatwa.

Kwa hiyo katika darasa lake hakutaka wanafunzi wanakili. Aliwasimulia hadithi, wakati mwingine za Biblia na wakati mwingine za maisha ya vijijini, nao wakachora waliyoyaona ndani ya mioyo yao. Wakatoa picha za masoko, arusi, ng'ombe, mavuno na migomba. Mwaka 1939 kazi zao zilipelekwa zikaonyeshwa London, watu wakastaajabu. Darasa la barazani likapata mahali Makerere, kidogo kidogo likawa shule kamili ya sanaa, ikitoa wachoraji, wachongaji na walimu.

Wengi waliopita mikononi mwake wamepata sifa. Gregory Maloba alitoka Kenya akiwa kijana. Ndiye aliyefanya Sanamu ya Uhuru iliyosimama Kampala tangu mwaka 1962, ile ya mama amnyanyuaye mtoto juu. Sam Ntiro, Mchagga wa Tanganyika, alichora maisha ya watu wa Kilimanjaro, naye nchi yake ilipopata uhuru akawa Balozi wake London. Elimo Njau, naye wa Kilimanjaro, alichora picha kubwa za maisha ya Yesu katika kanisa la Murang'a, Kenya, mwaka 1959, akamwonyesha Bwana katikati ya milima na watu wa Kenya. Msomaji atazame jambo hili: mwalimu wao alikuwa Mwingereza, lakini hawakurudi kwao wakichora Uingereza.

Sasa nije katika vikapu. Katika miaka ya vita kuu ya pili Bibi Trowell alikabidhiwa jumba la ukumbusho la Uganda, na vitu vyake vikahamishiwa Makerere. Hapo alipata nafasi ya kuvishika vitu vyenyewe, kuvigeuza, kuvipima na kuvichora. Baadaye jumba lile lilishikwa na Klaus Wachsmann, mwana wa Ujerumani aliyekuwa mjuzi wa muziki, ambaye alizunguka nchi akitia ngoma na nyimbo zetu katika mashine ya kunasa sauti. Jengo jipya la Kitante lilifunguliwa mwaka 1954, na liko huko hata leo. Mwaka mmoja kabla ya hapo, wawili hao walitoa kitabu kile nilichokiona katika maktaba yetu. Bibi Trowell aliandika juu ya nyumba, vyakula, mavazi, vikapu, mikeka, ufinyanzi na vitu vingine vya nyumbani. Wachsmann akaandika juu ya vyombo vya muziki.

Katika habari za vikapu hakusema tu kwamba ni vizuri. Alitazama jinsi kazi inavyofanyika. Ziko njia mbalimbali, na mtu akizijua hataviona vikapu vyote kuwa ni vimoja. Iko njia ya kusuka kwa kupitanisha, ambapo vibanzi vya matete au vya mafunjo hupasuliwa, vikapitishwa juu na chini ya vingine, kama tunavyoona katika nyungo na mikeka. Iko njia ya kuzungusha nyuzi mbili katika fito zilizosimama, nayo hufaa kwa matenga ya kubebea mizigo. Tena iko njia ya duru, ndiyo ya nyanya yangu. Mabua membamba hukusanywa pamoja unene wa kidole, yakaviringwa kama nyoka aliyejikunja, na kila duru hushonwa katika duru iliyotangulia kwa uzi mpana wa mwale au wa mgomba, sindano nene ikitoboa njia. Kikapu cha namna hiyo huwa kizito na imara, tena huhifadhi joto, kwa sababu ukuta wake ni mnene na una hewa ndani ya mabua. Basi umbo halikuja kwa bahati. Chakula kilitaka joto, shamba la ulezi likatoa mabua, mwale ukatoa uzi, na mkono wa mwanamke ukaunganisha mambo hayo matatu.

Nilipokuwa nikisoma hayo nilikumbuka habari nyingine niliyoipata kuhusu watu wa asili wa kaskazini mashariki ya Amerika, kama Wabanaki na Mohawk. Wao husuka vikapu kwa vibanzi vya mti uitwao eshi mweusi, unaoota penye majimaji. Hawaupasui mti huo kwa msumeno. Gogo hupigwa kwa mgongo wa shoka au kwa nyundo, kipande kwa kipande, mpaka tabaka za kila mwaka ziachane, kwa sababu mbao ya mwanzo wa majira ni laini yenye matundu na husagika inapopigwa. Kila ukanda wanaouchambua ni mwaka mmoja wa maisha ya mti. Lakini mwaka 2002 aligunduliwa huko Michigan mdudu aliyetoka Asia, ambaye watoto wake hula chini ya gome. Miti ya eshi imekufa kwa mamilioni. Wafumaji wa huko wana ujuzi na wanaona fahari, lakini wanaogopa kukosa mti. Kwetu sisi mambo yamegeuka: mafunjo yapo, ulezi upo, mwale upo, tunaokosekana ni sisi wenyewe. Sijui kama iko aibu kubwa kuliko hiyo.

Katwe penyewe panatufundisha. Chumvi ya ziwa letu ilitafutwa tangu zamani na watu wa Toro, Bunyoro, Ankole na Kongo, ikapelekwa kwa vichwa na kwa mitumbwi. Ilipiganiwa na wafalme, na mwaka 1891 Lugard alijenga ngome hapo ili kuishika. Leo chumvi ile ile huchotwa katika ziwa lile lile, lakini hutiwa katika magunia ya plastiki. Sisemi turudi nyuma tukaache magunia. Mbebaji wa chumvi hana haja ya kupendeza, ana haja ya kufikisha mzigo. Nasema tu kwamba kitu kikiondoka, mtu mmoja angalau awepo wa kukiandika, kama alivyofanya Bibi Trowell.

Itakuwa si haki nikimsifu bila kusema na mapungufu yake. Maana hata mtu mwema ana kivuli. Alikuwa mtu wa zama za ukoloni, na mawazo mengine ya zama hizo hakuyaepuka. Wako wasomi wa Kiafrika waliosema baadaye kwamba katika kuwakataza wanafunzi wasiige Ulaya, aliwafungia mlango wa elimu ambao wao wenyewe walitaka kuufungua. Kana kwamba Mwafrika ni lazima abaki kama alivyo ili apendeze macho ya mgeni. Alipostaafu mwaka 1958 alimwachia shule Cecil Todd, ambaye alifuata njia nyingine, akafundisha historia ya sanaa ya Ulaya na ujuzi wa rangi na umbo kwa utaratibu wa kule. Wanafunzi wengine walifurahi, wengine wakasikitika. Ubishi huo haujaisha hata leo, nasi tuliujadili katika chama chetu cha majadiliano mpaka kengele ya kulala ikalia.

Nami nina neno langu dogo. Katika kazi za namna ile zama zile, kitu kiliandikwa jina la kabila: kikapu cha Watoro, ungo wa Waganda, mfuniko wa maziwa wa Wanyankole. Lakini kabila halisuki kikapu. Kikapu husukwa na mtu mmoja, mwanamke mwenye jina, aliyeketi mlangoni pake baada ya kutoka shambani, macho yake yakiuma. Picha ya Maloba ina jina la Maloba. Mwenye kikapu yuko wapi? Sisemi hivi kwa kumshutumu marehemu. Bila yeye hata umbo lisingehifadhiwa. Nasema kwamba aliifikisha kazi mahali fulani, na sisi tuliobaki ndio tunaopaswa kuisukuma mbele.

Baada ya kurudi Uingereza Bibi Trowell aliendelea kuandika. Alikwisha kutoa kitabu cha maisha yake mwaka 1957, na mwaka 1960 alitoa kingine juu ya nakshi za Afrika, ambamo nakshi za mikeka, vikapu, nguo na vibuyu zimewekwa mbele ya macho ya dunia. Alifariki mwaka 1985. Shule ya sanaa ya Makerere ilipewa jina lake, nayo ingali inalo. Hivyo mwanamke aliyeanza barazani na watu wachache ameacha shule katika chuo kikuu, na katika maktaba za shule za mbali kama yetu ameacha kitabu kinachoweza kumshtua kijana mjinga.

Sasa nimalizie habari yangu mwenyewe, maana niliacha nyanya yangu Bwera na uongo wangu.

Likizo iliyofuata nilikwenda kwake. Nilimkuta ameketi uani, lakini hakuwa na kazi mkononi. Macho yake yameingia ukungu. Anaona umbo la mtu, haoni tundu la sindano. Binti zake wana maduka na mashamba, na wajukuu tuko shuleni. Hakuna aliyejifunza. Nilipiga magoti nikamsalimu kama ipasavyo, kisha nikamwambia ukweli juu ya kile kikapu. Alinyamaza kidogo. Halafu alisema kwamba alijua tangu siku ile, kwa sababu mwizi wa chakula huchukua samaki na kuacha kikapu. Nilitamani ardhi inifunike.

Nikamwomba anifundishe. Alicheka sana, akaniuliza tangu lini mtoto wa kiume anashona endiiro; kwao ni kazi ya wanawake, na wanaume husuka matenga makubwa na ghala za nafaka. Nikamweleza kwamba Kampala wanaume na wanawake hujifunza kazi hizo pamoja katika chuo kikuu, katika shule yenye jina la mwanamke wa Kizungu aliyechora vikapu. Akauliza kama mwanamke huyo alijua kusuka. Nikasema kwamba nijualo mimi ni kuwa alijua kuchora na kufundisha. Akasema basi si vibaya, kila mtu na kazi yake, akanituma nikalete mabua.

Kitu kigumu kuliko vyote ni kitovu, yaani mwanzo wa duru katikati ya kikapu. Mabua hukataa kujikunja, uzi hukatika, na sindano hutoboa kidole badala ya bua. Nyanya hakuweza kuona kazi yangu, kwa hiyo aliipapasa kwa ncha za vidole. Mara tano alipapasa, na mara tano akaniambia nifumue nianze tena. Mara ya sita alinyamaza, akanirudishia, nikajua kwamba sasa naweza kuendelea. Nilisoma vitabu vingi vya hesabu katika shule hii, lakini sijapata kusahihishwa na mtu aonaye zaidi kwa vidole kuliko mimi kwa macho yangu mawili.

Likizo ilipokwisha nilikuwa na kikapu kidogo kilichoinama upande mmoja. Hakifai kupewa mgeni. Kimewekwa katika kabati ya kioo karibu na mlango wa maktaba, kando ya kitabu cha Bibi Trowell, na pamoja nacho kiko kikapu kikubwa kizuri, cha mwisho alichokisuka nyanya kabla macho yake hayajaharibika, ambacho alikubali nikilete. Chini ya hicho kikubwa nimebandika karatasi yenye jina lake kamili na kijiji chake. Hapa gazetini siliandiki, kwa kuwa alikataa. Alisema jina la mtu likae pamoja na kazi yake, lisitembee peke yake barabarani. Mwenye kutaka kulijua na aje maktaba.

Mwaka huu nafanya mtihani wa Kidato cha Sita. Baba angependa nisome sheria, nami sijamkatalia, maana karo ni yake na matumaini ni yake. Lakini nimemwomba aniruhusu niandike pia sanaa ya Makerere katika fomu yangu, na tangu nilipomwonyesha kile kikapu kilichoinama, hajasema ndiyo wala hapana. Nangoja.

Ninyi wanafunzi wenzangu, nina ombi moja. Likizo ijayo, kila mmoja akaulize nyumbani kwao ni nani aliyesuka kikapu kilicho jikoni, na alijifunza kwa nani. Akaandike jina hilo. Na ninyi ndugu zetu wa zamani, mlio na kazi na nyumba nzuri, kama kiko kikapu cha mama zenu kilichosukumwa chini ya kitanda, kitoeni, mkikung'ute vumbi, mkitie chakula. Bibi Trowell alitoka mbali akakiona. Sisi tuliozaliwa karibu nacho tusiwe wa mwisho kukitazama.